Nilihamisha saa yangu janja kwenda simu mpya: kilichofika na kilichopotelea njiani

Saa hii niko nayo mwaka wa tatu sasa. Kioo kina mkwaruzo mmoja nilioupata kwenye kitasa cha mlango, mkanda nimeshaubadilisha mara mbili, na betri bado inanifikisha siku nzima na usiku wake. Sikuwa na sababu ya kununua nyingine. Iliyochoka ni simu. Ilifika mahali ukipiga picha tatu tu inakulilia kwamba nafasi imejaa, na chaji ikifika asilimia thelathini inazima bila kuaga. Nikanunua simu mpya, na kichwani mwangu saa ingeifuata tu kama spika au vipokea sauti vya masikioni: unawasha Bluetooth, unabonyeza jina, mchezo umekwisha.

Ilinichukua siku nne. Sehemu kubwa ya kosa ni yangu, ila si lote.

Kuhamisha vitu kutoka simu kwenda simu kulienda vizuri mno, na nadhani hapo ndipo nilipolewa. Nililaza simu mbili mezani, zikazungumza zenyewe kwa muda wa kupika na kula, na nilipozirudia nikakuta picha zipo, namba za watu zipo, mazungumzo ya WhatsApp yapo, hata picha ya ukutani ni ileile. App ya saa nayo ilikuwa imeshajipakua, nembo yake imekaa pale chini kulia kama ilivyozoea. Nikasema basi, kazi imekwisha. Mdogo wangu alikuwa ameshaiwekea miadi ile simu ya zamani tangu aliposikia nanunua mpya. "Dada, hiyo si ndiyo yangu sasa?" Usiku uleule nikaifuta yote ikarudi kama ilivyotoka kiwandani, na asubuhi akaondoka nayo.

Ndipo nikafungua app ya saa kwenye simu mpya. Ikanikaribisha kama mgeni: "Anza kwa kuongeza saa." Nikabonyeza kutafuta, kikaduara kikazunguka weee, haikuona kitu. Nikaingia kwenye orodha ya Bluetooth ya simu: televisheni ya jirani ilionekana, spika ya sijui nani ilionekana, saa iliyo mkononi mwangu haikuonekana. Na yenyewe iko hai, sekunde zinatembea, mapigo ya moyo inayasoma. Kitu pekee kilichobadilika ni alama ndogo juu ya skrini, kijisimu kilichokatwa mstari.

Baadaye ndipo nilipoelewa kilichokuwa kikiendelea. Saa na simu zikioanishwa mara ya kwanza zinapeana funguo za siri, na kila upande unatunza zake. Kuanzia hapo saa haina haja ya kujitangaza kwa kila simu inayopita. Inamsubiri mwenzake tu. Funguo za upande wa simu zilikuwa kwenye simu ya zamani, na mimi nilizifuta pamoja na kila kitu. Uhamisho ule mzuri ulileta app, haukuleta funguo. Kwa hiyo saa ilikuwa inaisubiri simu ambayo haipo tena duniani, au ipo, lakini imesahau kila kitu na iko mfukoni kwa mdogo wangu.

Nikawa mkaidi. Siku tatu nikaivaa hivyohivyo, nikitumaini itajirekebisha. Ukweli ni kwamba saa bila simu si mfu kama nilivyodhani. Ilihesabu hatua, ilipima usingizi, kengele ya alfajiri iliniamsha. Jumamosi nikatembea matembezi marefu, na kwa kuwa ina GPS yake yenyewe ikanichorea njia nzima: kilomita 14.2, na kilima kimoja ambacho mapigo yalipanda hadi 161. Nilisimama nikiiangalia ile ramani ndogo kwa furaha ya mtoto. Sikujua kwamba yote yale yalikuwa yamekaa ndani ya saa tu, yakisubiri simu ya kuyapokea.

Jumapili nikachoka, nikazama kwenye mipangilio ya saa kutafuta mahali palipoandikwa kuhamia simu nyingine. Kwangu hapakuwepo. Toleo la programu ya saa yangu ni la zamani, na njia pekee iliyokuwepo ilikuwa kufuta kila kitu na kuanza upya. Hapa lazima niseme ukweli: jambo hili linategemea sana una saa gani. Saa za Wear OS, yaani zinazotumia mfumo wa Google, kwa mfano, miaka yote zilikuwa zinalazimisha kufutwa ukibadilisha simu, hadi toleo la 4 lililotoka 2023 ndipo ikaja njia ya kuihamisha saa bila kuifuta, pamoja na nakala ya akiba ya kuirejesha. Mwenzangu kazini ana Apple Watch. Alipowasha iPhone mpya kando ya ile ya zamani, simu ilimuuliza kama anataka kuendelea na saa ileile, akakubali, akaendelea na chai yake. Binamu yangu ana Garmin ya kukimbilia. Yeye aliiondoa saa kwenye Bluetooth ya simu ya zamani, akaiweka saa katika hali ya kuoanisha, akaingia na akaunti yake ileile, na mbio zake zote zikawa zinamsubiri kwenye akaunti. Mimi jina la kampuni iliyotengeneza saa yangu silitaji, maana sitaki ugomvi. Nasema tu kwamba katika kurasa zote za maelezo ya saa niliyonunua, hakuna mahali pa wazi palipoandikwa: usiifute simu ya zamani kabla saa haijaiacha.

Nikaifuta saa. Ilitetemeka mara moja mkononi, skrini ikawa nyeusi, kisha ikaja nembo, kisha ikaniuliza lugha ninayoongea. Miaka mitatu tumelala kitanda kimoja, inaniuliza lugha! Zile kilomita 14.2 ziliondoka hapohapo, na kilima changu.

Kuanzia hapo simu mpya iliiona ndani ya sekunde kumi. Tarakimu sita zikatokea kwenye saa na tarakimu sita kwenye simu, nikazilinganisha, zikafanana, nikakubali pande zote mbili. Nikadhani nimefika. Ikaja hatua ya kuthibitisha kwamba saa si ya wizi: ingiza akaunti iliyokuwa ikiimiliki kabla ya kufutwa. Hilo silalamikii, ni kufuli zuri; aliyeiokota barabarani asiweze kuifuta na kujimilikisha. Tabu ni kwamba nenosiri la akaunti ile niliwahi kuliandika mara moja tu, miaka mitatu iliyopita. Nikakosea mara mbili. Nikaomba kulibadilisha, na mfumo kwa upole wote ukaniambia: "Thibitisha kwenye simu yako nyingine." Simu yangu nyingine! Nikampigia mdogo wangu, naye akacheka mpaka nikakata. Bahati laini yangu ilikuwa nami, nikachagua njia ya ujumbe mfupi, namba za siri zikaja, nikapita. Kama ningekuwa nimebadilisha na namba ya simu pia, sijui leo ningekuwa naandika nini.

Kisha sasisho. Saa ilitaka iwe kwenye chaja na iwe na nusu ya betri kabla ya kuanza, na ilipoanza ilipokea faili kupitia Bluetooth kwa mwendo wa konokono. Nilipogundua kwamba naweza kuiunganisha kwenye Wi-Fi ilikuwa imeshafika asilimia 70, nikaiacha imalizie. Karibu saa mbili zilipita.

Ruhusa nazo ni somo zima, na hapa ndipo watu wengi wanaposema saa mpya au simu mpya ni mbovu kumbe sivyo. Kwenye Android ya 12 na kuendelea, app ya saa inahitaji ruhusa ya vifaa vilivyo karibu. Hiyo iliombwa yenyewe, nikakubali. Ruhusa ya kusoma arifa ni nyingine kabisa, iko kwenye ukurasa wake ndani ya mipangilio, na niliipita bila kuiona. Jioni nzima nikawa najiuliza mbona leo sitafutwi na mtu. Nilipoiwasha, ujumbe wa jioni ile haukuja, ila mpya zikaanza kutetemesha mkono. Ya tatu ni betri. Simu nyingi mpya zina tabia ya kuilaza app usiyoifungua kwa muda ili kuokoa chaji, na app ya saa nani anaifungua kila siku? Usiku wa kwanza muunganisho ukakatika saa nane, ukarudi nilipoamka na kuifungua. Niliporuhusu app ifanye kazi chinichini bila kizuizi, haijakatika tena.

Sasa hesabu ya kilichofika. Hatua, usingizi na mazoezi ya miaka mitatu vilirudi vyote mara nilipoingia kwenye akaunti, kwa sababu simu ya zamani ilikuwa inavipandisha huko kila asubuhi. Grafu ya usingizi ilijijaza mbele ya macho yangu, mwezi baada ya mwezi. Imebaki na pengo moja, zile siku tatu za ukaidi na nusu ya nne. Rekodi ya siku mfululizo za kufikisha lengo la hatua, iliyokuwa imefika 212, ikarudi kwenye sifuri. Hilo liliniuma kuliko nilivyotarajia, na najua ni namba tu.

Visivyofika: sura ya saa niliyoipanga kwa mikono, yenye hali ya hewa kushoto na betri kulia. Kengele zote. Namba ya siri ya kufungulia saa. Kadi ya kulipia, ambayo benki ilitaka niisajili upya tangu mwanzo, na hilo ni sawa. Hata mwenzangu wa Apple Watch aliambiwa aweke kadi zake upya, maana huwa haziingii kwenye nakala ya akiba. Majibu mafupi niliyoyaandika mwenyewe, kama "niko barabarani, nakupigia", nayo yalifutika, nikakuta yale ya kiwandani yanayoongea kama barua ya ofisi.

Saa yenyewe, kama saa, naipa nyota nne na siiachi. Kwa kuhamia simu nyingine naipa mbili, moja ikiwa ya lile kufuli. Kama una saa ya toleo la zamani kama yangu na umeshaingia dukani kutafuta simu, fanya haya ukiwa bado na simu zote mbili mkononi: fungua app kwenye simu ya zamani uiache imalize kusawazisha, uangalie kwa macho yako kwamba mazoezi ya leo yamefika kwenye akaunti. Jaribu kuingia kwenye akaunti hiyo kwa kivinjari, uone kama nenosiri unalikumbuka kweli au unadhani tu. Piga picha sura ya saa na orodha ya kengele. Halafu uitenganishe saa kutoka ndani ya app, si kwa kuisahaulisha tu kwenye Bluetooth. Kwa yule wa Apple Watch hatua hiyo ina faida mbili, maana ukiitenganisha kupitia iPhone ya zamani nakala ya akiba inatengenezwa yenyewe na kufuli la umiliki linaondoka. Ukiifuta saa peke yake, kufuli linabaki. Na kama saa yako ina laini yake ya eSIM, ile ya ndani isiyo na kadi ya kuchomeka, soma vizuri kabla ya kubonyeza kufuta, kwa sababu kuna mahali unaulizwa ubaki na laini au iondoke nayo, na ikiondoka utarudi kwa mtandao wako kuomba nyingine.

Pia hakikisha simu unayohamia inakubali saa hiyo. Apple Watch haiwezi kuishi na Android, na Galaxy Watch za Samsung tangu ile ya nne ya 2021 hazikubali iPhone. Hapo hakuna ujanja wa kufuta na kuanza upya utakaosaidia.

Jumatatu asubuhi saa ilikuwa imeunganishwa, imesasishwa, arifa zinakuja, sura mpya nimeipanga vizuri. Niliamka jua limeshaingia chumbani. Kengele ya saa kumi na moja na nusu nilikuwa sijairudisha.