Blood in the Mobile: mi fundi simu nimeicheki, haya ndo niliyoyaona

Mwaka wa tisa huu nachomelea bodi za simu na sikuwahi kujiuliza ile waya ninayoyeyusha kila siku inatoka wapi, kwangu mimi inatoka Kariakoo basi. Juzi mshkaji kanipa flashi ina dokumentari ya jamaa wa Denmark, Frank Piasecki Poulsen, ya 2010, akaniambia hii itakuhusu wewe.

Kisa chenyewe jamaa anatumia Nokia, anajua madini ya kwenye simu yanachimbwa Kongo mashariki na hela inawanenepesha wenye bunduki, basi anataka Nokia wamhakikishie simu yake haimo kwenye huo mchezo. Swali moja tu. Anawafuata mpaka makao makuu yao Espoo, Finland, na wanavyomzungusha yani ni njoo kesho zile zile tunazozijua, nilicheka mwenyewe.

Ila kicheko kiliisha alivyofika Bisie, Walikale huko Kivu Kaskazini. Gari haifiki, ni kukata msitu kwa mguu, mzigo unatoka mgongoni mwa watu, na wanajeshi wanataka chao. Halafu anaingia shimoni na kijana mdogo wa pale, tochi kichwani, njia nyembamba mpaka wewe unayeangalia unaanza kupumua kwa shida. Wanachogonga mle ni kasiterite, mawe yenye bati. Hapo nikapause, nikachukua roli langu la waya mezani nikasoma lebo, Sn 63 Pb 37. Sn ndo bati. Asilimia 63! Sisemi langu limetoka Bisie, nasema tu miaka yote hiyo lebo ilikuwa mbele ya macho yangu.

Kilichoniboa, jamaa anajipiga sana kamera mwenyewe, mara yuko kwenye simu mara anasubiri mapokezi, wakati mi nataka niwasikie zaidi wale wachimbaji.

Lingine, ni ya 2010 kwahiyo yaliyofuata hamna. Julai mwaka huo Marekani walipitisha sheria ya Dodd-Frank, kipengele cha 1502 kinataka kampuni ziseme madini yao yanatoka wapi, unaona kama mambo yamekaa sawa vile. Kumbe Septemba Kabila, rais wa Kongo wakati huo, akasimamisha uchimbaji Kivu zote mbili na Maniema mpaka Machi 2011, na wanunuzi wengi wakaikimbia Kongo wasipate lawama. Kuna kaka mmoja wa Bukavu tuko naye jengo moja, nilivyomtajia tu akasema "ile loi Obama? Ilitulalisha njaa." Loi ni sheria kwa Kifaransa, anamaanisha hiyo hiyo Dodd-Frank. Hakutaka kuendelea, akaomba chaja.

Naipa 7 kwa 10, zile dakika za shimoni peke yake zinatosha. Manukuu ni ya Kiingereza, wife alisinzia Espoo akaamka Kongo. Flashi ninayo hapa kwenye meza, anayeitaka aje na laptop yake, usije na kitochi ukasema nikurushie.