Umri wa gitaa: namba ya kichwani au ufungue tumbo?

Ukikutana na gitaa la mtumba la kampuni ya Gibson hapa Dodoma, geuza kwanza kichwa chake. Namba ya tarakimu 8, mtindo ulioanza 1977, haihitaji bisibisi: kwenye 82765501, 8 na 5 ni mwaka 1985, na 276 ni siku ya mwaka, yaani 3 Oktoba. Raha tupu! Ila wenye magitaa feki nao wanajua kugonga namba.

Potenshomita, kifaa cha kuongeza na kupunguza sauti kilicho chini ya vitufe vya sauti, nayo ina namba, ila inataka ufungue (na upulize vumbi letu). Mfano 1376615: 137 ni kampuni ya CTS iliyoitengeneza, 66 mwaka, 15 wiki. Inakwambia tu gitaa halikukamilika kabla ya hapo. Fundi akiwa alishabadilisha, imekula kwako. Hata hivyo, kabla ya kulipa, mimi hufungua.