Matembezi ya Jinja: nililipia Kiswahili, mamangu akalipwa dharau

Haya nimeyaandika na kuyafuta mara tatu. Mara ya kwanza yalikuwa matusi matupu. Sasa moyo umetulia kidogo, ingawa sijui kama nitafika mwisho haujachafuka tena.

Ilikuwa majuzi, mvua bado hazijakatika. Mamangu alikuja kutoka Mombasa kunitazama hapa Kampala nilikoolewa, na Uganda nzima alitaka kitu kimoja tu: kuiona Jinja, mji ulio pale mto Nile unapotoka ziwani. Na Nile yenyewe hakuwa na shughuli nayo. Babu yangu alikuwa mtu wa reli, enzi ambazo reli ya Afrika Mashariki ilikuwa moja na mfanyakazi aliweza kulala Mombasa akaamkia barua ya uhamisho. Mamangu alipelekwa Jinja akiwa wa kubebwa mgongoni, akaondoka msichana wa miaka tisa au kumi. Sisi watoto wake tumekua tukisimuliwa kota za reli, king'ora cha asubuhi, na mwenye duka wa Kihindi aliyempa pipi kila alipotumwa chumvi. Nikaona siwezi kumzungusha juani mtu mzima kwa kubahatisha. Nikamtafutia wa kumtembeza.

Kampuni niliyoipata iliandika lugha zake wazi kwenye tangazo: Kiingereza, Kifaransa, Kiswahili. Hata hivyo nilipiga simu kuhakikisha. Binti aliyepokea akanijibu, "Kiswahili kipo, dada, usijali." Nikalipa siku ileile, na bei sikuomba hata kupunguziwa.

Asubuhi tukamkuta mtembezaji wetu anatungoja, mwanamume wa makamo mwenye kofia ya pama na mwavuli mkubwa. Kundi lilikuwa dogo: sisi wawili, mke na mume kutoka Kampala, na vijana wawili wa Kizungu. Mamangu akamsalimu, "Hujambo, mwanangu?" Akaitikia kwa kichwa, akageukia wale vijana na kuanza kwa Kiingereza. Nikajiambia anatangulia na lugha ya wengi, yetu itafuata. Haikufuata. Ikawa mimi ndiye mkalimani wa matembezi niliyoyalipia: yeye anasema, mimi nakimbizana na maneno sikioni mwa mamangu, na nikimaliza sentensi moja yeye ameshapita nyumba mbili.

Na hapa lazima niseme kweli, kwa sababu ndicho kinachoniuma zaidi. Yule bwana anaujua mji wake. Alitusimamisha barabara kuu, mbele ya duka lenye veranda pana, akatuambia tuinue macho. Juu kule, chini ya ukingo wa paa, kulikuwa na mwaka wa ujenzi ulioumbwa kwa saruji na jina la mwenyewe likizungukwa na maua, rangi imebambuka, kaloli mmoja, yule korongo mkubwa wa majalalani, amesimama juu yake kama mlinzi. Miezi mingi nimepita Jinja nikielekea Busia na sijawahi kuinua macho pale. Akatueleza 1972, Rais Idi Amin alipowapa Waasia siku tisini kuondoka, jinsi mtaa mzima ulivyobadili wamiliki, na jinsi baadhi ya watoto wa wale waliofukuzwa walivyorudi miaka ya baadaye kudai nyumba za wazazi wao. Alisimulia taratibu, bila madoido. Nikamtafsiria mamangu, akaweka kiganja ukutani pale pale, akakaa nacho.

Ndipo akauliza. Aliuliza kwa adabu, kwa Kiswahili, hana lugha nyingine ya kuulizia mambo ya moyoni: "Samahani mwanangu, hapa karibu na stesheni palikuwa na duka la Mhindi mmoja mfupi, watoto wa reli tukitumwa pale. Stesheni iko upande upi?"

Yule bwana hakujibu. Nikarudia swali kwa Kiingereza, akasema stesheni haimo katika safari ya leo. Sawa. Tukatembea. Mamangu akauliza tena, safari hii akionyesha kwa mkono, maana alihisi anautambua mteremko. Kimya. Mara ya tatu akamgusa mkono kidogo, kama mama anavyomgusa mtoto wake yeyote. Yule bwana akasimama, akanigeukia mimi, na mbele ya wote akasema kwa Kiingereza nimwambie huyu mama kwamba hapa Kiswahili ni lugha ya wezi na wanajeshi, na anayekitaka njia ya Kenya anaijua.

Mamangu hakusoma sana, lakini neno mwizi na neno askari kwa Kiingereza anayajua vizuri. Aliukunja upindo wa leso yake, akaukunjua, akaukunja tena. Hakuuliza kitu kingine mpaka mtoni. Wale vijana wa Kizungu waliangalia chini. Yule mke kutoka Kampala alinong'ona "bambi," yaani maskini, akamshika mamangu mkono, na kwa hilo namshukuru mpaka leo. Mimi nilitetemeka. Nilisema maneno, siyakumbuki yote, na yeye akafungua mwavuli akaendelea mbele.

Mwizi nani? Mwanamke wa karibu miaka sabini aliyelelewa Jinja hiyohiyo, kwa lugha iliyosemwa kwenye mabehewa, kwenye gereji za reli na kwenye kota zake, na Waluo, Waswahili, Wasoga na Wahindi kwa pamoja? Mamangu hakukileta Kiswahili Jinja ndani ya sanduku. Alikikuta pale. Na kama ni habari za sheria, Katiba ya Uganda tangu marekebisho ya 2005 inakitaja kuwa lugha rasmi ya pili, na mwaka 2022 baraza la mawaziri likaamua kifundishwe kwa lazima shuleni. Wanangu wanakileta nyumbani kwenye madaftari. Hasira hii basi si ya mgeni asiyeijua nchi. Mimi naishi hapa. Najua lile neno la "lugha ya wezi" tangu nilipofika, nimelisikia sokoni, nimelisikia kwa mawifi zangu, huwa naliacha lipite. Lakini kulisikia kutoka kwa mtu niliyemlipa ili aseme Kiswahili, akimrushia mamangu usoni! Sikuweza kuliacha lipite.

Sehemu ya mto nitaipita haraka kwa sababu sikuiona. Macho yalikuwa yamejaa. Alieleza kwamba jina la mji limetokana na mawe, kwamba yale maporomoko ambayo Speke, yule mvumbuzi Mwingereza, alifika kwayo 1862 hayaonekani tena, yalifunikwa na maji bwawa la Owen Falls lilipojengwa na kufunguliwa 1954. Kuna sanamu ya Gandhi pale bustanini, kwa kuwa sehemu ya majivu yake ilimwagwa mtoni 1948. Mandhari ni nzuri, sikatai: ziwa limetandaa limetulia upande mmoja, halafu ghafla maji yanakaza mwendo kana kwamba yameitwa. Siku nyingine ningekaa saa nzima kuyatazama.

Wenzetu walipoteremka kuona mashua, yule bwana akaja tulipokaa. Akavua kofia. Akamwambia mamangu, "Shikamoo, mama." Kwa Kiswahili. Kiswahili kilichonyooka, cha kambini kidogo, lakini hakikumkwama hata neno.

Nilipandwa na hasira upya. Kumbe anakijua! Saa mbili nimehangaika kutafsiri huku amekifungia kinywani!

Mamangu akanishika paja, ninyamaze. Akaitikia, "Marahaba, mwanangu." Yule bwana akachuchumaa mbele yake, akasema alikulia karibu na kambi ya jeshi. Maneno ya kwanza ya Kiswahili aliyoyajua maishani mwake ni "toka nje" na "lala chini", na aliyajua usiku ambao watu wenye bunduki walikuja kumchukua baba yake. Hakurudi. Akasema ofisini wanaandika Kiswahili kwenye tangazo ili kupata wateja wa Kenya na Tanzania, bila kumwuliza yeye. Akasema akisikia kinasemwa nyuma yake barabarani, mwili wake unaganda kabla akili haijamwambia ni nani. Akaomba msamaha. Hakukusudia, alisema, kumwita mama yake mtu mwizi.

Sasa mimi nifanye nini na hilo? Nimelifikiria wiki kadhaa. Najua kwamba Amin ndiye aliyetangaza Kiswahili kuwa lugha ya taifa 1973, na kwamba watu wengi hapa walikisikia kwenye vizuizi vya barabarani kabla ya kukisikia popote pengine. Sina haki ya kumpangia mtu jinsi ya kuukumbuka usiku ule. Na bado mamangu hakuwa na bunduki. Alikuwa na leso na swali.

Mamangu alimwekea mkono kichwani, akamwambia, "Pole sana, mwanangu. Mungu amrehemu babako." Kisha, kama mtu aliyesubiri zamu yake, akauliza, "Na stesheni je?"

Akatuonyesha njia. Kutupeleka hakuweza, kundi jingine lilikuwa linamngoja, na hilo nalo nililinukuu moyoni. Tukashika njia wenyewe, polepole, tukiuliza. Mchoma mahindi mmoja alitujibu kwa Kiswahili kabla hatujamaliza kusalimu, akaacha jiko lake akatusindikiza mpaka kona.

Treni ya abiria ya kufika Jinja siku hizi hakuna. Reli iliyovuka mto na kufika Kampala 1931 hapa sasa ni ya mizigo, na tulipofika hapakuwa na behewa wala mtu, ni mbuzi tu waliofungwa kamba na majani yaliyoota katikati ya vyuma. Kota hatukuziona zile alizozitaja, wala duka la Mhindi. Nilidhani atavunjika moyo. Akavua viatu, akanipa nivishike. Akakanyaga mataruma, moja baada ya moja, akiyahesabu kwa sauti, namna walivyokuwa wakicheza yeye na ndugu zake. Alifika arubaini na kitu akachoka, akasimama pale katikati ya reli anacheka, vumbi mpaka kwenye vifundo. Sijawahi kumwona mamangu akicheka vile tangu baba afariki.

Kwa hiyo nikiulizwa niwape alama ngapi, sijui. Nikifikiria barabara kuu na jinsi alivyotufundisha kuinua macho, nampa yule bwana zote. Nikifikiria ule upindo wa leso, natamani nisingewahi kuona tangazo lao. Jinja yenyewe nendeni, msingoje. Mkiwa na mzee wa Kiswahili msichukue neno la binti wa simu, ombeni mzungumze na mwenye kuwatembeza mwenyewe, msikie anavyoitikia.

Ofisi ndiyo sijaisamehe. Niliwapigia nikawaeleza yote, nikataka nusu ya fedha zangu, angalau ile ya lugha niliyouziwa na sikupewa. Wakasema matembezi yalikamilika, hakuna cha kurudisha. Nikawaambia basi waondoe Kiswahili kwenye tangazo, wasimtie tena yule bwana katika mtihani ule wala mama wa mtu mwingine. Wakasema watalifanyia kazi. Nimetazama leo asubuhi, bado lipo.

Jina lake silitaji. Mamangu amenikataza, amepiga simu mara mbili kutoka Mombasa kuhakikisha. Mara ya pili aliuliza kama naweza kumpelekea yule bwana salamu zake, na kama akija Desemba atakubali kutembea naye tena, wawili tu, mpaka stesheni. Nimemwambia nitauliza. Sijauliza bado.