Darasa la wagashi Kyoto: vidole nilifundishwa, sufuria sikuonyeshwa

Niseme mapema kwa msomaji mwenye haraka: kwa yeni 3,500, ambazo wakati ule zilikuwa kama shilingi 60,000 za Tanzania, nilipata dakika 75, vitamutamu vitatu nilivyofinyanga kwa mkono wangu, na bakuli la matcha, ile chai ya kijani ya unga. Hela yangu siijutii. Ila kama unakwenda ukidhani utatoka umejua kupika wagashi, yaani vitamutamu vya jadi vya Kijapani, utarudi kama ulivyokwenda. Utakachojua ni kufinyanga. Hayo ni mambo mawili, na kabla sijalipa hakuna aliyenitenganishia.

Nilikuwa Osaka, Japani, kwa mafunzo ya kazi ya miezi sita. Jumamosi moja ya Novemba nikapanda treni ya Keihan mpaka Kyoto. Darasa lilikuwa ghorofani, juu ya duka la wagashi. Jina la duka nalihifadhi, maana malalamiko yapo mbele. Kule chini, kwenye kabati la kioo, niliona konpeito, vile vipira vya sukari vyenye vinundunundu, na pembeni keki ya kasutera. Vyote viwili vina asili ya Wareno waliofika Japani karne ya 16, na jina konpeito limetokana na neno lao confeito. Ni Wareno haohao waliotuachia sisi maneno meza, leso na gereza. Wenzetu walipata fungu tamu zaidi.

Huko juu tulivua pete na saa, tukanawa mpaka viwiko, tukafunga aproni. Mbele ya kila mtu kulikuwa na kitambaa kibichi, na chini ya kitambaa madonge yaliyokwisha pimwa: jeupe, jekundu, la manjano, na vitonge vitatu vyeusi-vyekundu. Wageni wawili kutoka Ulaya waliokaa meza yangu walipoambiwa kwamba yale yote ni maharage, nyuso zao zilibadilika. Mimi ni mtu wa Tanga. Kwenye futari ya kwetu, maharage ya nazi yaliyotiwa sukari na iliki hukaa mkeka mmoja na tambi na ndizi mbivu, wala hakuna anayeuliza. Kwa hiyo maharage matamu hayakunishtua. Kilichonishtua ni ulaini wake. Ukilisugua donge lile kati ya vidole husikii chembe, kama vile hayakuwahi kuwa maharage.

Vitonge vyeusi ni anko, yaani maharage yaliyopondwa na kutiwa sukari, ya azuki, yale madogo mekundu. Ikisagwa na kuchujwa maganda huitwa koshian, ikiachwa na punje zake huitwa tsubuan. Donge jeupe limetokana na maharage meupe, nalo ndilo linalotiwa rangi. Mwalimu, mzee mwenye vidole vinene ajabu kwa kazi nyembamba kama ile, alitueleza jambo ambalo baadaye lilinifaa sana. Tokyo hupenda nerikiri, yaani ile maharage meupe iliyochanganywa na unga uliopikwa wa mchele unaonata. Kyoto wana yao, konashi: maharage meupe huchanganywa na unga wa ngano kidogo, mchanganyiko ukapikwa kwa mvuke, kisha ukakandwa ungali moto mpaka ulainike. Sisi tulipewa konashi, na ilikwisha kandwa.

Tulianza na tunda la kaki, kwa kuwa ni msimu wake. Wagashi za aina hii hufuata kalenda. Novemba utafanya kaki, majani mekundu ya momiji na ua la krisanthemo. Aprili utafanya ua la mcheri. Tarehe 30 Juni watu wa Kyoto hula minazuki, kipande cha pembetatu chenye azuki juu, kinachofananishwa na barafu. Kwa hiyo chagua mwezi wako kwa kujua unataka kufinyanga nini, maana ukifika na picha ya ua la mcheri wakati wa baridi hawatakufundisha.

Sasa kufunga. Hapa ndipo palipokuwa na kazi, na kama darasa zima lingekuwa hili tu ningelipa vilevile. Unalibonyeza donge la nje, kama gramu 25, liwe bapa kwenye kiganja, kingo nyembamba kuliko katikati. Unaweka kitonge cha anko, kama gramu 15. Kisha hulikunji kama sambusa. Unaligeuza polepole kwa mkono mmoja huku vidole vya mkono wa pili vikiipandisha kingo, kidogo kidogo, mpaka mdomo ujifunge wenyewe. Mzee alifunga lake huku anazungumza, hata halitazami. Langu la kwanza lilipasuka ubavuni na anko ikachungulia. La pili lilifunga lakini upande mmoja ulikuwa mnene kama shavu lenye jino bovu. Alipopita akanishika mkono, akacheka, akamwambia msaidizi wake kitu. Msaidizi akanitafsiria kwa Kiingereza kwamba mikono yangu ina joto sana, niichovye kwenye maji baridi na kuifuta. Nyumbani mikono hiyohiyo husifiwa kwa kukanda chapati.

Krisanthemo ndiyo iliyonitoa jasho. Chombo chake ni kijiti cha mbao chenye pande tatu. Kingo moja ni kali na huchora mstari mmoja, nyingine ina mfereji na huchora miwili sambamba, ya tatu ni butu. Unaligawa donge kwa macho: mara mbili, nne, nane, kumi na sita, kila mstari ukitoka chini na kupanda hadi kitovuni. Ukikosea nafasi ya mstari wa tatu, utakuja kuulipia kwenye wa kumi na tano, na hauna pa kuuficha. Ua langu lilikuwa na petali nono upande mmoja na nyembamba kama uzi upande wa pili. Momiji ilikuwa rahisi: nyekundu inabandikwa juu ya manjano, unaipaka kwa kidole gumba hadi mpaka wa rangi upotee, halafu unabana ncha za jani.

Tulipomaliza tulikoroga matcha wenyewe kwa kibrashi cha mwanzi, tukala kimoja kati ya vile vitatu kwa kijiti chake. Mwambao tumezoea halua au kashata na kahawa chungu: unamega, unapiga funda, unamega tena, na mazungumzo yanaendelea. Hapa tuliambiwa tumalize kitamu chote kwanza, ndipo tunywe chai. Nilidhani ni masharti tu ya adabu. Lakini ule uchungu wa matcha ukiingia kwenye kinywa kilichojaa sukari, unakuwa mpole, na sukari nayo inafutika. Nikaelewa kwa nini konashi peke yake niliiona tamu kupita kiasi. Haikutengenezwa iliwe peke yake.

Malalamiko sasa. Tulikuwa watu 20 na mwalimu mmoja. Waliokaa nyuma, mimi mmojawapo, tulimwona kwenye skrini, na kamera ilikuwa juu ya kichwa chake, kwa hiyo wakati wa kufunga tulichokiona ni mgongo wa mkono. Vile vidole vya chini, vinavyofanya kazi yenyewe, havikuonekana. Karatasi ya Kiingereza tuliyogawiwa ilikuwa na picha nzuri na haikuwa na kipimo hata kimoja. Ukighairi siku yenyewe hurudishiwi kitu. Na lililoniuma zaidi: nilipouliza maharage yale hupikwaje, nikajibiwa kwa upole kwamba hilo ni kazi ya jikoni kwao na huchukua siku nzima. Sawa, lakini tangazo lilisema "kutengeneza wagashi kuanzia mwanzo". Mwanzo wa wagashi ni maharage.

Kwa wasomaji Waislamu, maana najua nitaulizwa: vile tulivyotengeneza vilikuwa maharage, sukari, unga na rangi. Hapakuwa na jelatini, siagi wala mayai. Hata yokan, ile inayogandishwa kama jeli, hugandishwa kwa kanten inayotokana na mwani (si ule mwani wanaolima kina mama wa Paje na Jambiani, ni mwingine). Ya kuangalia ni dorayaki, vile vichapati viwili vyenye anko katikati, kwa kuwa chapati zake mara nyingi hutiwa mirin, ambayo ina kileo. Uliza kabla ya kula.

Viwili vilivyobaki nilifungiwa kwenye kiboksi na kuambiwa nivile siku hiyohiyo. Mpaka nafika Osaka kaki lilikuwa limelala ubavu.

Wiki iliyofuata nikaamua kujifundisha ile nusu niliyonyimwa. Nilinunua maharage meupe madogo waitayo tebo, gramu 300, nikaroweka usiku kucha. Asubuhi nikaanza kumenya, punje moja moja, nikamaliza karibu na adhuhuri. Nikachemsha mpaka yakapondeka, nikayasugua kwenye chekecheke, yakaangukia kwenye bakuli la maji. Unayaacha yatuame, unamwaga maji ya juu, unatia mengine, mara tatu. Halafu unakamua kwa kitambaa. Aliyewahi kukamua tui anaujua mkono huo, ila hapa mambo yamepinduka: maji unamwaga, na machicha ndiyo chakula.

Kisha sukari, moto, na mwiko usiopumzika. Inarusha matone ya moto kama uji mzito, na mkono wangu una alama mpaka leo. Unapika mpaka ukiichota kwa mwiko na kuiangusha ibaki imesimama kama kilima. Mara ya kwanza nilikosa subira, nikaiepua mapema, na konashi yake ikawa gundi. Mara ya pili niliikausha vizuri, nikachanganya unga wa ngano, nikaifunga vipande vipande kwenye kitambaa, nikaipika kwa mvuke nusu saa, nikaikanda nikipuliza vidole. Ikakubali. Na hapa namshukuru yule mzee kwa maelezo yake ya Kyoto na Tokyo. Unga wa mchele unaonata si kitu utakachokipata Ngamiani, na ule wa vitumbua haufai. Lakini maharage meupe, sukari, unga wa ngano na sufuria ya mvuke, hivyo hata Tanga vipo.

Kwa hiyo ningerudi? Kwa darasa lilelile, hapana. Kwa darasa la watu sita linaloanzia kwenye maharage, hata kwa bei mara mbili, ndiyo. Mwenye watoto asihangaike na krisanthemo. Awapeleke kwenye darasa la vitamutamu vikavu, ambako wanakandamiza sukari ya wasanbon, ile laini itokayo Tokushima na Kagawa, kwenye vibao vya mbao vilivyochongwa. Watafurahi na hawatalia.

Shangazi yangu amepika kashata za kuuza miaka yote niliyomjua. Nilimpigia kwa video nikamwonyesha krisanthemo yangu ya jikoni, ile ya mara ya pili.

"Shikamoo shangazi."

"Marahaba mwanangu. Hiyo nini, sabuni?"

Nikamweleza kila hatua, kuanzia kuroweka mpaka petali ya kumi na sita. Alinisikiliza mpaka mwisho bila kunikatiza, jambo lisilo la kawaida kwake.

"Maharage mmeyamenya, mkayaosha mpaka yakatakata, mkayachora ua," akasema. "Na iliki hamkutia?"

Pishi la tatu nimetia iliki. Yule mzee wa Kyoto asijue.