Chati ya nasaba ya miungu wa Ugiriki: nunueni, ila kina mama mtawaandika wenyewe

Nimeinunua hapa Amu, duka la vitabu na karatasi upande wa Langoni, kwa shilingi 850. Ni karatasi ya kutundika ukutani, urefu wake futi 3, upana futi 2, na ndani yake umechorwa ukoo wa miungu na mashujaa wa Wayunani wa kale, kwa Kiswahili. Binti yangu ana miaka 12 na hadithi hizi zimemkaa moyoni tangu alipoazimwa kitabu na mwalimu wake. Nikikaa kushona kofia, yeye yuko ubavuni ananiuliza Achilles na Ajax wanaitanaje. Nikaona nimtafutie kitu cha kutazama kwa macho.

Kilichonifurahisha ni mpango wake. Mstari mwekundu ni ndoa, wa kijani ni uzazi, na huchanganyikiwi. Juu kabisa wako Gaia, ambaye ni ardhi, na Uranus, mbingu, kisha watoto wao Watitani 12. Chini ya Kronos na Rhea, wawili kati ya hao, wako watoto 6 kwa kufuatana kuzaliwa: Hestia, Demeter, Hera, Hades, Poseidon, na Zeus kitinda mimba. Pembeni imeelezwa kwa maneno machache jinsi Kronos alivyowameza watano wa mwanzo kwa hofu ya kupinduliwa, na Rhea alivyomwokoa wa sita kwa kumpa mumewe jiwe lililoviringwa nguo za mtoto. Binti yangu alishika yote hayo baina ya magharibi na isha.

Jibu la Achilles na Ajax pia limo. Peleus, baba wa Achilles, na Telamon, baba wa Ajax, ni ndugu, wana wa Aeacus, kwa hiyo wanao ni watoto wa ndugu wawili. Na kina Agamemnon na Menelaus, ndugu wawili waliooa dada wawili, Clytemnestra na Helen. Ukiuona mstari huo huulizi tena kwa nini Helen, mke wa Menelaus, alipochukuliwa, Agamemnon alikusanya majeshi ya Wayunani wote kwenda kupigana na mji wa Troy.

Tatizo lilianza Mama alipoisikia. Mamangu hukutajia nasaba yetu kwa baba na kwa mama bila kusita, na mtu akija kuposa hapa nyumbani yeye ndiye anayeulizwa. Sala zake hazimpiti, na hakuona ubaya mjukuu wake kuzijua hadithi za watu wa kale. Alikuwa amejinyoosha kitandani anasomewa. Walipofika kwa Athena akasimamisha.

"Mamake nani?"

"Bibi, imeandikwa alitoka kichwani mwa Zeus."

"Nimesikia alikotoka. Nauliza mamake."

Mama alikuwa na haki. Hesiod, mshairi wa kale wa Kiyunani, anamtaja: ni Metis, mke wa kwanza wa Zeus. Zeus aliambiwa kwamba Metis atamzaa Athena, na baadaye mtoto wa kiume atakayekuja kutawala, ndipo akammeza angali na mimba. Baba alimeza watoto, mwana akameza mama. Hadithi yote ya ufalme ule imo katika jina hilo moja, na waliotengeneza chati wameliacha. Leto yumo, mama wa Apollo na Artemis, na Maia mama wa Hermes yumo. Kwa nini Metis asiwemo?

Kwa shujaa Heracles ni vibaya zaidi. Jina la mama yake Alcmene lipo, lakini limening'inia, halina baba wala babu. Alcmene ni binti wa Electryon, na Electryon ni mwana wa Perseus, na Perseus ni mwana wa Zeus. Maana yake Zeus, baba wa Heracles, ndiye pia baba wa babu yake Alcmene. Na yule mfalme Eurystheus aliyemtuma Heracles zile kazi 12? Baba yake Sthenelus ni ndugu wa Electryon. Kwa hesabu yetu sisi, huyo ni mjomba wa Heracles. Zeus alikuwa ameapa kwamba atakayezaliwa siku ile katika kizazi chake atatawala, Hera, mkewe, akauzuia uzazi wa Alcmene na kumharakisha Eurystheus. Ni ugomvi wa urithi ndani ya nyumba moja, na mnunuzi wa chati hii hawezi kuuona kwa sababu mstari wa upande wa mama umekatwa.

Halafu neno "mjomba" limemwagwa kila mahali. Hades ameandikwa mjomba wa Persephone, binti wa Zeus na Demeter, basi. Ni kweli ni mjomba, kwa kuwa Demeter ni dada yake, lakini Zeus naye ni ndugu yake, kwa hiyo ni ami pia. Hera kwa binti huyo huyo ni shangazi, ni mama mdogo na ni mama wa kambo. Kiswahili kina maneno yote haya, na chati ya Kiswahili ilipaswa kuyatumia. Hapo nimesikitika kweli.

Aphrodite amewekwa chini ya Zeus na Dione, kama alivyosema Homer, mshairi mwingine wa kale. Hesiod anasema alitokana na povu la bahari baada ya Uranus kukatwa sehemu za siri. Mstari wa pili wa nukta nukta ungetosha.

Karatasi yenyewe ni nzuri ila haipendi hewa ya bahari. Niliibandika baina ya zidaka na baada ya wiki 3 pembe zikajikunja. Ombeni ifunikwe plastiki palepale dukani, lakini baada ya kuandika. Muuzaji ni mtu wa adabu, alinisikiliza mpaka mwisho na akachukua orodha yangu ya majina, ingawa yeye huletewa tu mzigo.

Metis tumemwandika wenyewe, na Electryon na Sthenelus pia, kwa mwandiko wa binti yangu. Wino wa bluu ulichuruzika, mweusi ulishika. Nafasi ni ndogo upande wa Perseus, kwa hiyo tumieni kalamu ya ncha nyembamba.