Gemu iligoma kufunguka: uzoefu wangu na Event Viewer ya Windows

Ndani ya kila kompyuta ya Windows kuna programu inayoitwa Event Viewer, inayoonyesha matukio na makosa ambayo Windows imeyaandika, na wachezaji wengi wa gemu hawajawahi kuifungua. Mimi niliijua kwa jina tu, hadi nilipopata gemu iliyokataa katakata kufunguka. Siku hizi gemu yoyote ikigoma ndiko ninakoanzia, kabla sijafuta kitu wala kupakua draiva, yaani programu inayoiwezesha Windows kutumia kifaa kama kadi ya grafiki. Ushauri unaosambaa kuhusu gemu zinazogoma ni ule ule miaka nenda rudi: zima kompyuta uiwashe, endesha gemu kwa mamlaka ya msimamizi, ikishindikana ifute uisakinishe upya. Kwa tatizo langu, hatua hiyo ya mwisho ingekula data na saa nyingi, na gemu ingebaki vile vile. Nitaeleza kwa nini.

Gemu yenyewe ni kubwa, inakaribia gigabaiti 90. Kaka yangu naye ameinunua, akanipa folda nzima kwenye diski ya nje ili nisilazimike kuipakua. Niliinakili kwenye kompyuta yangu, nikaielekeza programu ya duka la gemu mahali folda ilipo. Ikayakagua mafaili, ikapakua sasisho lililokuwa limetoka, kisha ikasema kila kitu kiko sawa. Nikabofya kitufe cha kucheza. Skrini ikawa nyeusi kwa sekunde chache, halafu nikajikuta nimerudi nilikotoka. Hakuna kisanduku cha ujumbe, hakuna msimbo wa hitilafu. Gemu nyingine kwenye kompyuta hiyo hiyo zilifunguka bila shida.

Kimya cha namna hii kinaudhi kuliko ujumbe wa hitilafu, maana hakikupi pa kuanzia. Niliweka draiva mpya ya kadi ya grafiki. Nilizima programu zinazojitokeza juu ya gemu, zile za kuonyesha kasi ya picha na zile za kuzungumza na wenzako. Nilikagua mafaili tena. Watoa huduma wa gemu walinijibu kwa orodha ya hatua ambazo nilikuwa nimeshazimaliza. Kila nilichofanya kilikuwa cha kubahatisha, na ndipo nikaenda kutazama Windows yenyewe iliandika nini gemu ilipojifunga.

Kuifikia Event Viewer ni rahisi. Bonyeza kitufe cha Windows pamoja na herufi R, andika eventvwr.msc, kisha Enter. Upande wa kushoto fungua Windows Logs, halafu Application. Itatokea orodha ndefu yenye alama nyekundu na za njano, na hapa ndipo watu wengi huogopa na kufunga dirisha. Usiogope. Hata kompyuta nzima kabisa hujaza makosa humo, na mengi hayana uhusiano wowote na tatizo lako. Wewe iendeshe gemu, iache ijifunge, tazama saa, kisha rudi kwenye orodha utafute tukio la dakika hiyo hiyo ambalo chanzo chake ni Application Error na namba yake ni 1000. Kulibofya tu kunatosha. Maelezo yanajitokeza chini.

Maelezo hayo ni mistari michache lakini yana mengi. Unaona jina na toleo la programu iliyojifunga, jina la moduli ambamo hitilafu ilitokea, yaani faili la programu lililokuwa likifanya kazi wakati huo, msimbo wa hitilafu, kisha njia kamili ya programu na ya moduli. Kwangu moduli ilikuwa dxgi.dll, na msimbo ulikuwa 0xc0000005. Jina hilo la dxgi ni la sehemu ya Windows inayosimama kati ya gemu, kadi ya grafiki na skrini, kwa hiyo ukilitafuta mtandaoni utaambiwa mara moja kwamba draiva yako ni mbovu. Nami ningeamini hivyo, lakini draiva nilikuwa nimeshaibadilisha. Nikasoma hadi mstari wa njia ya moduli, ulioandikwa Faulting module path. Faili halisi la dxgi.dll hukaa ndani ya C:\Windows\System32. Njia niliyoiona mimi iliishia ndani ya folda ya gemu.

Mstari huo mmoja ndio ulionifumbua macho. DLL ni faili la msimbo ambalo programu huliazima ili limfanyie kazi fulani, na dxgi.dll ni mojawapo. Programu inapoitisha faili la DLL kwa jina, kwa kawaida Windows huanza kulitafuta ndani ya folda ya programu yenyewe kabla ya kwenda System32, isipokuwa kwa orodha fupi ya mafaili ya msingi ambayo imeyalinda. Dxgi.dll halimo kwenye orodha hiyo. Watengenezaji wa programu za kupamba picha za gemu, zile zinazoongeza rangi, mwanga na ukali wa picha, hutumia utaratibu huo kwa makusudi: wanaweka faili lao lenye jina hilo karibu na gemu, gemu inalipakia ikidhani ni la Windows, nalo linafanya mapambo yake kisha linapitisha kazi kwa lile halisi. Ni mbinu halali na ya siku nyingi. Kaka yangu alikuwa ameweka programu kama hiyo, na kwake ilifanya kazi vizuri. Lakini gemu iliposasishwa kwangu, faili lile la zamani halikupatana tena na toleo jipya.

Sasa kuhusu kukagua mafaili. Duka la gemu linapokagua, hulinganisha mafaili yaliyo kwenye orodha yake na yale yaliyo kwenye diski yako. Lililopungua hulileta, lililoharibika hulibadilisha. Faili la ziada ambalo halimo kwenye orodha hulipita bila kuligusa. Kufuta gemu nako mara nyingi hufuata orodha hiyo hiyo: mafaili ya gemu yanaondoka, ya ziada yanabaki, folda inabaki, na ukisakinisha upya gemu inarudi kukaa palepale karibu na lile faili linaloiangusha. Ningepakua gigabaiti zote zile na kupata skrini nyeusi ile ile. Ndiyo maana nawasihi watu wasome kwanza. Kama ni lazima usakinishe upya, basi ukishafuta gemu nenda mwenyewe kwenye folda yake uone kilichobaki.

Sikulifuta faili lile. Nililihamishia folda nyingine pamoja na faili la mipangilio lililokuwa karibu nalo. Gemu ikafunguka papo hapo, menyu na sauti zake zote. Kuhamisha ni bora kuliko kufuta kwa sababu baadhi ya gemu huja na DLL zao zenyewe. Baada ya kuhamisha, liambie duka likague mafaili: kama faili ni la gemu kweli, litarudishwa, lisiporudi, ujue lilikuwa la mgeni. Majina mengine ya kuangalia ndani ya folda ya gemu iliyowahi kuongezewa vitu ni d3d9.dll, d3d11.dll, dinput8.dll, version.dll na winmm.dll.

Kaka yangu alipoona tukio hilo moja lilivyoeleza kila kitu, alianza kunitumia picha za skrini za gemu zake, na rafiki zake nao wakafuata. Kwa hiyo nimezoea misimbo kadhaa. Ule wa 0xc0000005 maana yake programu imegusa sehemu ya kumbukumbu isiyoruhusiwa kuigusa. Hutokea kwa sababu nyingi mno, hivyo usihangaike nao peke yake. Jina la moduli na njia yake ndivyo vyenye habari. Wa 0xc000007b hujitokeza zaidi kwenye kisanduku cha ujumbe, na kwa kawaida unasema gemu ya biti 64 imepewa DLL ya biti 32, au kinyume chake. Dawa yake mara nyingi ni kusakinisha Visual C++ Redistributable za Microsoft, vifurushi vya DLL ambazo gemu nyingi huzitegemea, zote mbili, ya x86 (biti 32) na ya x64 (biti 64), hata kama Windows yako ni ya biti 64. Kuna 0xc0000135, maana yake DLL fulani haipo kabisa.

Halafu kuna 0xc000001d, na huu unahuzunisha. Unasema prosesa imepewa amri isiyoijua. Gemu mpya kadhaa zinahitaji amri za AVX, kundi la amri za hesabu za prosesa, na prosesa za zamani hazina. Hapo hakuna draiva wala usakinishaji utakaosaidia, na ni heri mtu ayajue hayo mapema kuliko kupoteza wiki nzima akihangaika na vingine.

Kwa DLL zinazokosekana nina neno moja zito: usipakue faili moja moja kutoka tovuti zinazojitangaza kuwa ghala la DLL. Hujui limetoka wapi, na hata likiwa salama huenda likawa la toleo lisilofaa. VCRUNTIME140.dll na MSVCP140.dll zimo kwenye kifurushi cha Visual C++ nilichokitaja. D3dx9_43.dll na XINPUT1_3.dll zimo kwenye kifurushi cha DirectX (mafaili ya Microsoft ya kushughulikia picha na sauti za gemu) cha Juni 2010, ambacho gemu nyingi za zamani bado zinakihitaji hata ndani ya kompyuta yenye DirectX 12, kwa kuwa DirectX 12 haikuja kuchukua nafasi ya mafaili hayo. Vyote viwili ni vya bure, moja kwa moja kutoka Microsoft.

Kama Event Viewer inakutisha, anza na ndugu yake, Reliability Monitor. Bonyeza kitufe cha Windows na R, andika perfmon /rel. Unapata grafu ya siku, kila siku na alama ya uthabiti kuanzia 1 hadi 10, na msalaba mwekundu siku ambayo kitu kilijifunga. Uzuri wake ni kwamba chini ya siku hiyo hiyo inaorodhesha pia masasisho na programu zilizosakinishwa. Gemu iliyokuwa ikicheza vizuri ikagoma ghafla Jumanne, na Jumatatu usiku iliingia draiva mpya, basi una mshukiwa wa kwanza bila kusoma msimbo wowote. Kwa tatizo langu ilinionyesha jina la moduli, ila njia yake niliipata Event Viewer, na bila njia ningeendelea kuilaumu draiva.

Zipo hali ambazo zana hizi hazina la kusema. Event Viewer huandika tukio la 1000 pale programu inapoanguka. Gemu ikijifunga yenyewe kwa utaratibu, kwa mfano imeona haiwezi kuandika faili la mipangilio ikaamua kutoka, hakuna anguko la kuandika. Rafiki yangu mmoja alikuwa na gemu ya namna hiyo. Alikuwa amewasha kinga ya Windows inayozuia programu ngeni kuandika ndani ya folda kama Documents, inayoitwa Controlled folder access. Kinga hiyo huja ikiwa imezimwa, na ni nzuri dhidi ya virusi vinavyoteka mafaili, lakini gemu nyingi huhifadhi maendeleo ya mchezaji ndani ya Documents. Hatukupata chochote chini ya Application. Tulikipata kwenye kumbukumbu nyingine humo humo, chini ya Applications and Services Logs, Microsoft, Windows, Windows Defender, Operational: tukio la 1123, likitaja gemu yake kwa jina. Tuliiruhusu gemu hiyo peke yake ndani ya mipangilio ya kinga, tukaiacha kinga ikiwa imewashwa.

Pasipopatikana kitu kabisa, kuna Process Monitor ya Sysinternals, mkusanyiko wa zana za uchunguzi wa Windows, nayo ya bure kutoka Microsoft. Inaonyesha kila faili ambalo gemu inajaribu kulifungua, sekunde kwa sekunde. Inamwaga maelfu ya mistari, kwa hiyo chuja kwa jina la faili la gemu na usome kuanzia mwisho kurudi nyuma. Mistari ya NAME NOT FOUND ni ya kawaida hata kwa programu nzima. ACCESS DENIED karibu na mwisho ndiyo ya kuitilia maanani. Hii singempa anayeanza.

Event Viewer naipa nne kati ya tano. Nimeipunguzia moja kwa sababu orodha yake ni msongamano, na mtu asiyeelekezwa hawezi kujua lipi la kusoma na lipi la kuacha. Msongamano huo unapungua sana ukitengeneza mwonekano wako mwenyewe: upande wa kulia chagua Create Custom View, chagua kuchuja kwa chanzo, weka alama kwenye Application Error na Application Hang, kisha uupe jina. Cha kwanza kinakusanya programu zilizoanguka, cha pili kinakusanya zilizoganda, ambazo namba yake ni 1002. Mwonekano huo unabaki humo upande wa kushoto, na unapoandikia watoa huduma wa gemu unanakili maandishi ya tukio zima, pamoja na njia ya moduli, na kuyaweka mwanzoni mwa barua yako.