Alamu ya moshi inalia pii: hesabu kwanza kabla hujang'oa betri

Wadau mambo vipi, karibuni tena, leo nipo na hiki kidude hapa, ngoja nikisogeze kwenye kamera... mnakiona eeh, cheupe, cha duara, kama kifuniko cha sufuria hivi. Ni alamu ya mbili kwa moja, inashika moshi na inashika ile gesi ya kaboni monoksaidi. Nimeishi nayo mwaka na ushee na leo siongelei muonekano wala nini, nataka tuongelee milio yake maana hapo ndo tunapofeli wengi, mimi nikiwa wa kwanza.

Nabonyeza kitufe, wenye earphone punguzeni sauti, hii kitu ni kama desibeli 85 ukisimama mita 3. Haya. PIIII, PIIII, PIIII... kimya kidogo... PIIII, PIIII, PIIII. Mitatu, inapumzika sekunde moja na nusu hivi, inarudia. Huo ni moshi, ukiusikia usiku usianze kuzunguka nyumba kutafuta unatokea wapi, beba watu toka. Subirini haijamaliza... pi-pi-pi-pi! Minne ya harakaharaka, halafu kimya sekunde 5 nzima. Hiyo ni kaboni monoksaidi. Kwa hiyo kazi yako ni kuhesabu tu, tatu au nne. Ila siyo kila alamu duniani inafuata mpango huu, kwa hiyo ile karatasi ya kwenye boksi usiitupe.

Sasa kwenye hiyo minne naomba nikae kidogo. Moshi utauona, utakukohoza, macho yatawasha, hata bila alamu utashtuka. Hii gesi haina rangi, haina harufu, na inatoka popote kitu kinapoungua bila hewa ya kutosha: jiko la mkaa ndani, jenereta, gari limeachwa linanguruma gereji, hita ya gesi mbovu. Na mkaa ukishakolea hautoi moshi, ndo mtu anasema aah sasa uko sawa ngoja niuingize chumbani tupate joto, kumbe gesi bado inatoka vilevile. Ikifika kwenye damu inang'ang'ania himoglobini, ile inayobeba oksijeni kwenye damu, zaidi ya mara 200 kuliko oksijeni yenyewe, kichwa kinauma, kizunguzungu, kichefuchefu, unajisemea nimechoka ngoja nilale, na hapo ndo kosa lenyewe.

Halafu kuna watu wananiambia alamu yangu mbovu, niliisogeza karibu na jiko haikulia. Haikuumbwa kulia hapohapo! Inaangalia gesi ni nyingi kiasi gani na imekaa muda gani, kwa viwango vya Marekani ikiwa sehemu 70 za gesi kwenye sehemu milioni za hewa inapewa saa 1 hadi 4 iwe imelia, ikifika 400 ni dakika 4 hadi 15. Kwa hiyo ikilia minne jua umeshaivuta muda, usiibishie kwa sababu huoni kitu. Nje wote, mhesabiane, pigeni simu zimamoto mkiwa hukohuko nje.

Mlio wa tatu ndo ule wa kero, pi moja, kimya, unasinzia, pi. Kila nusu dakika au dakika. Betri hiyo inakufa. Na kwa nini lazima saa tisa usiku? Baridi ndugu zangu, betri iliyochoka ikipata ubaridi wa usiku nguvu inashuka, mchana ikapata joto inajifanya nzima. Yangu nilipanda kwenye kiti nikaing'oa, nikatoa betri nikaitupia kabatini chini ya mablanketi, bado ikalia! Nikajua ina mapepo. Kumbe umeme kidogo unabaki kwenye saketi, ukishikilia kitufe sekunde kama 15 unaisha.

Lawama yangu kwa waliotengeneza hii ni moja. Betri ikiisha inalia pi moja, na muda wa alamu yenyewe kutumika ukiisha inalia mbili, lakini mbili zimebanana kiasi kwamba ukiwa na usingizi unasikia moja. Utabadilisha betri mpaka uchoke. Na maelezo wameyaandika wapi? Mgongoni, upande unaogusa dari, nani anaona pale? Sehemu ya moshi kwa kawaida inapewa miaka 10, ya gesi mara nyingi kati ya 5 na 10, na kile kitufe kinatest sauti na saketi, hakikuambii kama pua yake bado inanusa. Mimi nimechukua makapeni nikaandika mwaka wa mwisho hapa ubavuni, mwandiko mbaya najua, ila nikiwa chini nausoma.

Maksi naipa 7 kwa 10. Ngoja nikairudishe darini.